Njia ya Tunguu: Matembezi ya Siku Moja katika Pwani ya Kusini ya Unguja na Historia Isimuliwayo Njiani

Gari lichukualo wageni kutoka Mji Mkongwe kwenda pwani ya kusini ya Unguja huondoka asubuhi, likapita Fuoni na Tunguu, likafuata njia ya Bungi na Pete hata msitu wa Jozani, kisha likashuka Kizimkazi ama likakata kwenda Paje na Jambiani, na jioni likarudi kwa njia ile ile. Ndani yake mna kiongozi mmoja, naye husema. Husema juu ya karafuu, juu ya Masultani, juu ya kima, juu ya msikiti wa kale na juu ya bahari. Na asemayo, ingawa hayamo kitabuni, ndiyo historia ya kusini ya Unguja isikiwayo na watu wengi kuliko nyingine yo yote. Mwaka wa 2019 wageni walioingia Zanzibar walipita nusu milioni. Vitabu vya Pearce, Ingrams na Gray havikupata kamwe wasomaji wa kadiri hiyo, wala havitarajiwi kuwapata.

Wanahistoria wamezoea kuipima simulizi ya namna hii kwa swali moja tu, ni kweli au ni uwongo, na wakiuona uwongo huitupa yote. Njia hiyo haifai hapa. Usemi wa kiongozi una tabaka nyingi: yamo maneno yaliyotoka katika vitabu vya Waingereza, yamo yaliyotoka kwa wazee wa vijiji, yamo na yaliyoingia juzi kwa sababu mgeni mmoja aliyapenda akacheka. Kazi ya mchunguzi ni kuyatenga, kisha kuangalia yaliyokosekana. Na lililokosekana zaidi, kama itakavyoonekana, ni pwani yenyewe, kama waijuavyo wale waifanyiao kazi.

Yafaa kuanza na majina ya watu wawili walio garini. Mgeni huitwa mtalii. Neno hili latokana na Kiarabu, na huko kitenzi chake kina maana ya kusoma kwa uangalifu, kuyapitia maandishi kwa macho. Kiswahili nacho kimeihifadhi maana hiyo katika neno mutalaa. Kwa asili ya jina lake, basi, mtalii ni msomaji. Lakini mgeni wa siku moja hana herufi za nchi, na kwa hiyo husomewa. Yule amsomeaye amekuwa na majina mengi zaidi, na historia yake ni ndefu. Baharini aliitwa rubani, mtu ajuaye miamba na milango ya bandari, na neno hilo siku hizi limepanda hewani pamoja na ndege. Katika misafara ya bara ya karne ya 19 alikuwa kirongozi, aliyetangulia mbele ya wapagazi, na wasafiri wa Ulaya kama Burton waliliandika jina lake kirangozi. Kiarabu kina dalili, ambayo kwao ni kiongozi wa njia na pia ni hoja ithibitishayo jambo. Kiswahili kilipoliazima neno kikaichukua ishara, kikamwacha mtu. Na katika vichochoro vya Mji Mkongwe liko jina la mwisho, nalo si la heshima: papasi. Papasi ni mdudu, kupe wa vibanda na vitanda, anyonyaye damu ya mtu usingizini. Watu wa Mjini wamewapa jina hilo vijana wamwandamao mgeni bila ya kuitwa. Viongozi wenye vyeti huchukia sana kuchanganywa nao. Katika majina yote haya, lile la kwanza ndilo lililomtaka mtu ajue maji, na jambo hilo litarudi baadaye.

Matembezi yenyewe si mapya, ingawa njia yake ni mpya. Abiria wa meli zilizotia nanga mbele ya Mji kwa saa chache walikuwa wakitembezwa tangu mwanzo wa karne ya 20. Reli ndogo ya Bububu, iliyojengwa na kampuni ya Kimarekani na kuanza kazi mwaka wa 1905, iliwachukua wageni hao kwenda kuona minazi na mikarafuu, kisha ikawarudisha melini kabla ya ng'anda kupigwa. Reli haikuishi muda mrefu, lakini desturi ilibaki: kisiwa kikawa ni kitu cha kuonwa baina ya kifungua kinywa na chakula cha jioni. Walichoonyeshwa wageni wale kilikuwa ni upande wa magharibi, upande wa mashamba, wenye udongo mzito na vivuli. Kusini na mashariki hakukuwa na la kuonyesha, kwa rai ya wenyeji wao. Kulikuwa na mawe, vichaka na wavuvi. Maofisa wa Kiingereza walikuwa na nyumba ya mapumziko Chwaka kwa ajili ya upepo, na baadhi yao, kama Meja F. B. Pearce ambaye kitabu chake kilichapishwa mwaka wa 1920, walikwenda kusini kutafuta magofu. Ufuko kwa ufuko wenyewe haukumwita mtu.

Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 matembezi hayo yalififia. Serikali ilikuwa na mambo mengine ya kushughulikia: ardhi yote ilitangazwa kuwa mali ya dola mwaka wa 1965, na mashamba yakagawiwa wananchi eka tatu tatu. Hoteli ya Bwawani, iliyofunguliwa mwaka wa 1974, ilijengwa ukingoni mwa Mji, si pwani ya kusini. Kilichobadili mambo ni karafuu. Bei yake ilipoanguka katika miaka ya 1980, nchi iliyokuwa ikiishi kwa zao moja ilihitaji fedha za kigeni kwa njia nyingine. Biashara ikafunguliwa, na sheria ya kuwalinda wawekezaji ikapitishwa mwaka wa 1986. Tangu hapo thamani ya ardhi ya kisiwa iligeuka juu chini. Mawe ya mashariki na kusini, yasiyoota mkarafuu, yakatafutwa na watu wenye fedha, na udongo wa magharibi ukawa ni kitu cha kupitiwa na gari.

Mahali pazuri pa kuuona mgeuko huo ni Tunguu, na gari halisimami hapo. Viongozi wengi hulitaja jina tu, au huonyesha majengo ya vyuo vikuu viwili, kile cha Taifa na Chuo Kikuu cha Zanzibar, wakaendelea. Wako wasemao kwa mzaha kwamba jina latokana na kitunguu. Sauti zafanana, lakini kufanana kwa sauti si ushahidi wa asili ya jina. Haitoshi kusema hivyo, hata hivyo, kwani Tunguu na vijiji vilivyo jirani nayo vipo karibu na mpaka wa zamani kuliko mipaka ya wilaya. Upande mmoja ni nchi ya mashamba. Mbele kidogo mawe huanza kujitokeza, minazi huwa michache, na mtu huingia katika uwanda, nchi ya matumbawe na vichaka, ambako mkulima hulima kwenye mifuko ya udongo baina ya miamba. Katika karne ya 19, Waarabu wa Omani na matajiri wengine walipopanda karafuu, wenyeji wa asili wa nusu hii ya kisiwa walizidi kubanwa upande wa uwanda na wa bahari. Vitabu vyawaita Wahadimu. Jina hilo lina uhusiano na neno la Kiarabu la mtumishi, na wenyewe hawakulipenda. Kwao ni watu wa Makunduchi, watu wa Kizimkazi, watu wa Bwejuu, kila mmoja kwa mji wake. Kiongozi alisemapo 'Wahadimu' hudhani atoa jina la kabila, kumbe atoa rai ya mtawala juu ya mtawaliwa.

Watu hao walikuwa na mfalme wao, Mwinyi Mkuu. Kaskazini ya Tunguu, kwenye njia ya Chwaka, yapo magofu ya nyumba yake ya Dunga, iliyojengwa na Mwinyi Mkuu Muhammad bin Ahmed baina ya miaka ya 1846 na 1856. Mfalme huyo alifariki mwaka wa 1865, na mwanawe Ahmed, wa mwisho katika cheo hicho, mwaka wa 1873. Siwa na ngoma zao zilihifadhiwa katika makumbusho ya Mjini. Kwa matembezi ya kusini Dunga ni mzunguko mdogo tu, lakini hauingizwi mara nyingi, kwa kuwa pale pamebaki kuta tu na pwani i mbali. Hivyo mgeni husafiri siku nzima katika nchi ya Mwinyi Mkuu bila ya kumsikia Mwinyi Mkuu, akirudi na majina ya Masultani wa Mjini ambao kusini walikuwa ni watu wa mbali.

Huko Bungi njia hupita chini ya miembe mikubwa, nayo gari hulisimamisha. Miembe hii, pamoja na magofu yaliyo karibu na bahari, yahusishwa na Bi Khole, binti Sayyid Said bin Sultan. Kisa kisimuliwacho ni cha mapenzi: kwamba alikuwa na wapenzi wengi, na kila mmoja alipouawa ukapandwa mwembe. Wageni hukipenda kisa hiki. Ni cha aina ijulikanayo duniani kote, ya malkia mwenye kuwala wanaume, na chasimuliwa juu ya wanawake wengi waliokuwa na mali zao wenyewe. Juu ya Khole uko ushahidi mwingine, nao ni wa karibu sana: dada yake Salme, aliyeondoka Unguja mwaka wa 1866 na baadaye akaandika kumbukumbu zake kwa Kijerumani, zikachapishwa mwaka wa 1886. Khole wa kitabuni ni mwanamke wa siasa. Yeye ndiye aliyemvuta Salme katika shauri la mwaka wa 1859 la kumwondoa Sayyid Majid na kumweka Barghash. Na Salme, kwa kuwa alijua kuandika, akawa mwandishi wa barua za siri. Vita vikapiganwa katika shamba lililoitwa Marseille, Waingereza wakamsaidia Majid, na Barghash akapelekwa Bombay. Haya yote ni matamu kusikiwa kama kile kisa cha miembe, tena yana saini. Mtu ashangae kwa nini hayasemwi. Huenda sababu ni kwamba kiongozi hana budi kumaliza kisa kabla ya wageni kumaliza kupiga picha. Wala haisemwi ni mikono gani iliyopanda na kulima katika mashamba ya mabinti wa kifalme. Na kwa hilo jawabu si gumu, kwani hali ya utumwa haikuondolewa kisheria Unguja ila mwaka wa 1897.

Njia ndogo ya kwenda Unguja Ukuu huachwa mkono wa kulia. Hapo pana hasara kubwa kupita zote za siku hiyo. Wachimbaji wameonyesha kwamba palikuwa na mji wa biashara tangu karne ya 6 au ya 7, wenye vyungu vya Ghuba ya Uajemi na vya mbali zaidi, na al-Jahiz, aliyekufa katika karne ya 9, alitaja katika nchi za Zanj mahali paitwapo Lanjuya, ambapo wanavyuoni wengi wamepahusisha na jina la Unguja. Kiongozi akiulizwa asili ya jina la nchi husema Zanzibar ni bara ya Wazanj, au husema ni maneno ya Kiarabu ya kuisifu nchi kwa uzuri wake. La Unguja haulizwi, kwa sababu mgeni hajui kwamba lipo.

Lakini kwa wachunguzi wa lugha neno la pili la jina lile, Ukuu, lina faida kuliko la kwanza. Kwa sarufi ya leo ingetarajiwa mtu aseme Unguja Kuu, au Unguja Mkuu ikiwa jina lachukuliwa katika ngeli ya u-. Ukuu si hili wala lile. Ama ni jina kamili, yaani ukubwa, cheo, lililowekwa kando ya jina jingine. Ama ni sifa iliyochukua kiambishi cha ngeli yake waziwazi, kwa upatanisho ambao Kiswahili sanifu kimeuacha. Rai ya pili ndiyo yenye nguvu zaidi, kwa kuwa majina ya mahali hushika sarufi ya zamani kama vile chokaa ishikavyo alama ya kidole. Watu walioupa mji ule jina walikuwa wakisema Kiswahili, au lugha iliyokuwa karibu sana nacho, tena walikuwa na Unguja mbili za kulinganisha. Hilo ni jambo la historia, na limeandikwa kwenye kibao cha barabarani kipitwacho na magari kila siku.

Jozani haihitaji maneno mengi. Msitu ulifanywa sehemu ya hifadhi ya taifa ya Jozani na Ghuba ya Chwaka mwaka wa 2004, na kima wake wekundu wajulikana katika elimu ya viumbe kwa jina la John Kirk, balozi wa Kiingereza. Wenyeji walimwita kima punju, na punju ni sumu. Kiongozi hueleza kwamba walimdhania ana sumu, na wageni hucheka ujinga wa watu wa kale. Ni afadhali angeongeza kwamba kima hula majani na matunda mabichi ya wakulima wa pembezoni mwa msitu, na kwamba mkulima anapompa mnyama jina baya kwa kawaida ana sababu ya shambani mwake.

Kizimkazi ndiko matembezi yafikiako kilele chake, na ndiko simulizi na hati vikutanapo uso kwa uso. Katika msikiti wa Dimbani mna mihrabu yenye maandishi ya Kikufi yaliyochongwa, yatajayo mwaka wa 500 wa Hijria, sawa na mwaka wa 1107, na jina la Sheikh Abu Imran Musa bin al-Hasan bin Muhammad aliyeamuru ujenzi. Msikiti ulijengwa upya katika karne ya 18, lakini maandishi ya kale yakaachwa mahali pake. Ni katika maandishi ya kale mno ya pwani yote ya Waswahili yaliyo bado ndani ya jengo. Juu ya hayo kiongozi husimulia kwamba palikuwa na mfalme aliyeitwa Kizi na mwashi aliyeitwa Kazi. Kazi alipoumaliza msikiti mfalme akamkata mkono ili asijenge tena mzuri kama ule, na kutokana na wawili hao likapatikana jina Kizimkazi.

Msomaji wa lugha ataona mara moja kwamba hadithi hiyo yaeleza Kizi, na yaeleza Kazi, ikaiacha m katikati haina kazi. Isitoshe, kisa cha mwashi aliyeharibiwa viungo baada ya kazi yake bora chasimuliwa hata Moscow juu ya kanisa la Mtakatifu Basil, ambako wajenzi wasemwa walipofushwa. Hata hivyo haifai kukitupa. Juu ya Dunga nako husemwa kwamba watumwa walichinjwa ili damu yao itiwe katika chokaa ya nyumba ya Mwinyi Mkuu. Visa viwili, sehemu mbili za nchi moja, na vyote vyasema jambo moja: majumba ya wakubwa hulipwa kwa miili ya wajenzi. Jina la Sheikh aliyeamuru limechongwa juu ya jiwe, wala jina la aliyelichonga jiwe halikuchongwa. Hadithi ya Kazi, kwa uchache, yakumbuka kwamba alikuwapo. Kosa la kiongozi si kuisimulia. Kosa ni kuisimulia mahali pa mihrabu, na kuufanya mwaka wa 1107 uwe nyongeza ya mwisho wakati wageni wanavaa viatu.

Kutoka msikitini wageni hushuka baharini, na hapo historia huachwa kana kwamba imekwisha. Kinachofuata chaitwa ufuko, au ufukwe kama wengi wasemavyo siku hizi: mchanga, kivuli, maji ya kuogea. Wenyeji hawasemi wanakwenda ufukweni. Wanakwenda pwani, na maneno haya mawili hayana maana moja. Ufuko ni mchanga tu. Pwani latokana na kupwa: ni pale maji yapwapo, nchi inayofunuliwa na kufunikwa mara mbili kwa siku. Wakati wa bamvua tofauti ya maji kujaa na kupwa katika bahari ya Unguja hufika karibu mita nne, na upande wa mashariki, ambako mwamba u mbali na nchi, maji yakitoka mtu aweza kutembea kwa muda mrefu kabla ya kufika kwenye mawimbi. Eneo hilo lote ni shamba. Wanawake huchokoa pweza kwenye mashimo ya mawe, huokota chaza na kombe, hutanda dagaa kwa nyavu ndogo. Makumbi ya nazi hufukiwa katika mchanga wenye maji kwa miezi, kisha hufukuliwa na kupigwa mpaka yatoke usumba wa kusokotea kamba. Mwaka wa 1989 kiliongezeka kilimo cha mwani kwa ajili ya kuuza ng'ambo, kilichoanzia Paje na Jambiani, na wakulima wake wengi wakawa ni wanawake. Kalenda ya kazi hizi ni ya mwezi: siku za bamvua ni za shughuli, siku za maji mafu ni za nyumbani.

Mgeni, kwa bahati mbaya, amelipia maji yaliyojaa. Akifika Paje maji yamepwa huuliza bahari imekwenda wapi, na kiongozi humwomba radhi kana kwamba pametokea hitilafu ya mtambo. Saa hiyo hiyo, mbele ya macho yake, wanawake wameinama kwenye safu za mambo na kamba, wakifunga mwani na kuvuna. Kwa mgeni huo ndio wakati mbaya, kwao ndio wakati pekee. Hapa ndipo lilipo shauri lote la matembezi haya. Pwani ya kusini imeuzwa kwa wageni kama mahali patupu, na kila mkataba wa ardhi ya mbele ya bahari uliotolewa tangu mwisho wa miaka ya 1980 umeusaidia uzushi huo, kwa kuwa shamba ambalo nusu ya siku limo chini ya maji halina ua wala hati. Mahali pengine njia za kushukia zimezibwa kwa kuta za hoteli, na uwanja wa kuanikia mwani umekuwa bustani. Si haki kuwalaumu viongozi kwa hayo, maana hawakutoa mikataba. Lakini wao ndio wenye ulimi, na ulimi ukiiita pwani 'ufukwe' umekwisha kuondoa watu.

Hata mnyama wa baharini amebadilishwa kwa maneno. Pomboo wa Kizimkazi walikuwa wakivuliwa mpaka miaka ya 1990, na nyama yao ikawa chambo cha papa. Mashua zilizokuwa zikiwawinda zikaanza kuwabeba wageni wa kuwatazama, na pomboo akawa rafiki wa binadamu tangu zamani za kale, kwa mujibu wa usemi wa njiani. Wavuvi wazee hutabasamu. Wao waliwafahamu pomboo vizuri kuliko mtazamaji ye yote, kwa kuwa aviziaye hujifunza tabia za aviziwaye. Na mahali pa kuwapata wageni wanapoonyeshwa leo ni elimu ile ile ya uvuvi.

Wenyeji nao walikuwa na siku yao ya kwenda pwani kuoga, na kongwe kuliko matembezi yote ya wageni. Ni Siku ya Mwaka, Nairuzi, ambayo jina lake na hesabu yake ya siku 365 zimetoka Uajemi, na John Gray aliandika juu yake mwaka wa 1955. Makunduchi yaitwa Mwaka Kogwa, na siku hizi huangukia mwezi wa Julai. Kogwa ni umbo la kutendwa la koga, ambalo ndilo oga: mwaka wenyewe hukogwa, huoshwa kwa maji ya bahari. Hesabu ya Nairuzi ilikwenda kwa miongo, makumi ya siku, na kwayo mabaharia walizijua pepo na wakulima majira ya kupanda, kwa sababu mwaka wa mwezi haufai kwa mambo hayo. Wageni hupelekwa kuitazama sherehe hiyo, wakaelezwa kwamba ni sikukuu ya watu kupigana kwa makuti ya migomba na kuchoma kibanda. Hivyo ndivyo ionekanavyo kutoka kiwanjani. Koga yenyewe hufanyika alfajiri, gari la Mjini likiwa bado halijafika Tunguu.

Lugha ya kusini ni Kikae, nayo si Kiunguja cha Mjini kilichochaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu katika mkutano wa Mombasa wa mwaka wa 1928. Ingrams aligusa lahaja za kisiwa mwaka wa 1924. Kazi iliyo muhimu zaidi ni ya mwenyeji, Haji Chum, ambaye msamiati wake wa Kikae ulitokea katika jarida la Swahili mwanzoni mwa miaka ya 1960 pamoja na H. E. Lambert, ukachapishwa tena kwa upana na Nordic Association of African Studies huko Uppsala mwaka wa 1994. Kijana wa Makunduchi atakaye kazi ya kuongoza hudaiwa Kiingereza, na kwa faida zaidi Kiitaliano. Kikae hadaiwi, na mara nyingi huambiwa akiache kijijini. Matokeo yake ni kwamba mtu ajuaye jina la kila jiwe la pwani ya kwao husimama juu ya mchanga akisema sentensi alizozikariri Mjini, na sentensi hizo ziliandikwa na watu ambao hawakuwahi kushuka maji yakipwa.

Wanafunzi wa Tunguu wasomao Kiswahili na wale wasomao utalii ni wa chuo kimoja siku hizi, na barabara ya kusini yapita mlangoni pao. Viongozi waliozaliwa kusini wako, nao kwa hiari yao wameanza kufanya jambo lisilofundishwa darasani. Maji yakiwa yametoka na wageni wakinung'unika, huwavua viatu wakawashusha mpaka kwenye mwamba, wakawatajia kwa majina ya kijijini mahali pa pweza, mashimo ya makumbi, mipaka ya mashamba ya mwani na mlango upitwao na ngalawa usiku, kisha wakawarudisha kabla ya maji kuanza kujaa. Huchukua kama saa moja, na katika ratiba iliyochapwa saa hiyo huandikwa kuwa ni ya chakula.